Sauti Iliyoozea Kooni

Kwanza izime hiyo kaseti, Yitbarek. Najua umeibeba kutoka Addis Ababa hadi hapa ili baba yako asikie jinsi watu wakubwa wanavyolia ukiwaimbia wafu wao, na redio yako ni nzuri, inang'aa, lakini nimesikia vya kutosha, na kila ninapozidi kusikia ndivyo ninavyozidi kuona haya. Izime, uje ukae hapa kwenye ngozi karibu na dada yako. Sogea zaidi. Sauti yangu mwisho wake ni ukingo wa kitanda, haivuki hata hilo jiko. Na wewe Admasu hapo mlangoni, usijifanye umelala. Mtu gani alalaye akakumbatia kibuyu cha maji kwa mikono miwili? Sikiliza na wewe, maana humu umo.

Sikilizeni basi, wanangu. Mimi Merigeta Tsehayu mwana wa Alemneh, mwalimu wa nyimbo za kanisa kwa miaka arobaini na sita, akili ninazo na ulimi ninao. Kilichokwenda ni sauti. Padri amekwisha kunisikiliza asubuhi, akatoka amekunja uso, sasa zamu yenu. Ya mali nitayamaliza upesi kwa kuwa mali yenyewe ni kidogo na haikuwahi kuninyima usingizi. Shamba la kijitoni ni la Enatnesh, aliyelilima wakati kaka yake akipigiwa makofi mjini, na asitokee mtu wa kumwambia kwamba binti harithi udongo. Maksai wawili msiwatenganishe, wamezoea nira moja, mkimwuza mmoja huyo mwingine atakonda mpaka afe. Mizinga ya nyuki gawaneni nusu kwa nusu. Ile ngozi ya kondoo iliyochakaa, niliyoivaa nikiwa mwanafunzi, mpeni Admasu, kwa kuwa ni yake. Aliniazima siku mbwa wa kijiji waliponichania yangu tulipokuwa tukiomba mkate mlango kwa mlango, kama ilivyo desturi ya wanafunzi wa kanisa, naye akatembea kifua wazi kwenye baridi ya milimani, na mimi sikumrudishia. Nilikuwa nikingoja aombe, na yeye alikuwa akingoja nikumbuke.

Sasa kitabu.

Kipo pale kwenye mkoba wake, kwenye msumari, na nimekuona Yitbarek, tangu ufike umekitazama mara nyingi kuliko ulivyonitazama mimi. Sikulaumu. Nami nilimtazama hivyo hivyo mwalimu wangu. Kurasa sabini na mbili za ngozi ya mbuzi, na ndani yake hamna neno hata moja: ni macho, nyavu, magurudumu, nyota zenye miguu, na juu ya kila umbo vialama vyekundu, hiki mkia, hiki kidole, hiki upinde, hizi nukta mbili. Wageni wamekuja na kamera zao wakauliza, "Mzee, kinasema nini?" Mimi huwaambia, kitabu hiki hakisemi, kitabu hiki kinakumbusha. Kile kidole chekundu kitakuambia "hapa panda," lakini upande kiasi gani, kwa kifua au kwa pua, upumue wapi, utetemeshe koo mara ngapi, hayo hayamo kwenye ngozi. Yamo kinywani mwa mwalimu, yanatoka kinywani yanaingia sikioni, na njia nyingine hakuna. Wazee wanasema aliyekianzisha alikaa miaka saba akisikiliza nyuki waliojenga ndani ya ukuta wa kanisa, ndiyo maana nyimbo zake zina mvumo ule. Sijui. Ninachojua ni kwamba sijaona bado nyuki anayewanyima asali wa mzinga wake.

Na ukurasa wa sabini na mbili mnaujua kwa macho, kama mnavyomjua jirani msiyesemezana naye. Jicho moja tu, na alama tisa juu yake. Huo hauimbwi kanisani wala kwenye sikukuu. Huimbwa mara moja, kwa sauti ya chini, katika sikio la mtu anayekata roho, ili roho iuone mlango isije ikahangaika humu ndani ikigonga ukuta.

Desturi ya sisi walimu mnaijua, mmekulia ndani yake. Mwanafunzi unamfundisha vyote, ukabakiza kimoja. Usipobakiza ataondoka, na akiondoka, kuni nani atakata, maji nani ateke, mkate wa kuomba nani akuletee uliolainika? "Mwanafunzi aliyeshiba humsahau mpishi," ndivyo tulivyoambiwa, nasi tuliona ni hekima. Kila mwalimu alikuwa na ufunguo wake mmoja mfukoni, na alikufa akiutoa dakika ya mwisho kabisa. Hakuna aliyejiuliza itakuwaje siku ambayo dakika hiyo haitakuja.

Mwalimu wangu, tuliyemwita Yeneta, alikuwa na wanafunzi wawili waliofika ukurasa wa sabini na moja, mimi na huyo aliyekaa mlangoni. Na niseme mbele yake, kwa kuwa nimemsema vibaya nyuma yake miaka arobaini: Admasu alikuwa na sauti kunishinda. Mimi nilikuwa na kichwa, yeye alikuwa na koo. Yeneta alipolala chini, alituita wote wawili. Nilimtazama kucha zake, nikaona zimeanza kugeuka rangi, nikajua haifiki adhuhuri. Nikamgeukia Admasu nikamwambia, "Ndugu yangu, mzee ana kiu ya maji ya baraka, kimbia chemchemini, wewe una miguu mepesi." Yeneta hakuwa ameomba maji. Admasu akachukua kibuyu akakimbia, na mimi nikafunga mlango, nikainama nikasema, "Yeneta, niko peke yangu, nipe." Akanipa, mara tatu akaniimbia, mara ya tatu mpaka nusu. Admasu aliporudi, jasho likimtiririka na kibuyu kimejaa mpaka shingoni, alikuta nimekwisha kumfunga mwalimu wetu kidevu.

Hakunipiga. Aliweka kibuyu chini akasema, "Tsehayu, umekula peke yako. Basi kaa nayo mpaka ikuozee kooni."

Nilicheka, wanangu. Nilikuwa na miaka ishirini na minne, nina kitabu mkobani, begani, na ukurasa wa sabini na mbili kifuani, nani angenitisha? Wahenga walisema mali ya bahili huliwa na dudu, lakini kijana akiisikia methali hudhani inamhusu mjomba wake.

Sasa la mama yenu. Hili ndilo lililomkunja padri uso.

Mwaka ule wa mvua ya mawe iliyovunja shayiri, Simegnish alilala pale pale ninapolala mimi leo. Wewe Yitbarek ulikuwa na miaka ishirini, kurasa sabini na moja unazo zote, na kila Jumapili ulikuwa ukiniuliza, "Baba, lini?" nami nikikujibu, "Bado hujakomaa." Ulikuwa umekomaa zamani. Nilikuwa nikiogopa kubaki na mzee mwenzangu wa ukutani, yaani kivuli changu. Mama yenu akanivuta shuka akaniambia, "Tsehayu, niimbie ule wa mwisho. Nimekupikia miaka ishirini na minane, sijakuomba kitu cha kitabuni. Leo naomba." Nikamwambia, "Nitakuimbia, mke wangu." Nikainamia sikio lake, nikavuta pumzi, na hapo nikaona pazia la jikoni likitikisika, na chini ya pazia nikaona vidole vya miguu, na kidole gumba kina kovu la jembe. Miguu yako, mwanangu.

Nikasema moyoni: huyu akiusikia leo, kesho hayupo.

Nikamwimbia mama yenu wimbo wake mwenyewe wa kusagia. Ule aliokuwa akiuimba kila asubuhi amepiga magoti kwenye jiwe, anasaga nafaka ya teff, makalio juu kichwa chini, ule ule, ila nilitoa maneno nikauvuta polepole, nikautetemesha kooni, nikautia madoido ya kanisani hata malaika asingeutambua. Lakini yeye aliutambua. Alifungua macho, akanitazama kwa muda, akasema, "Hata leo?"

Likawa neno lake la mwisho. Macho hakuyafunga, niliyafunga mimi.

Usilie sasa, Yitbarek, machozi yako hayana kazi hapa, niache nimalize ningali na pumzi. Baada ya arobaini ulifunga mzigo wako ukaniambia unakwenda mjini kutafuta maisha, na uso wako ulikuwa umejaa siri kama uso wa mtoto aliyeiba sukari. Niliuficha wimbo ili usiniache, na ukaniacha kwa sababu ulidhani umeuiba. Mchimba kisima huingia mwenyewe. Ningeweza kukuita njiani nikakuambia, "Rudi, ulichobeba ni pumba." Sikukuita. Nilisimama mlangoni nikasema, nenda basi, ukawaimbie matajiri wimbo wa unga. Na ulipopata jina, na kaseti zikafika mpaka sokoni kwetu, "Yitbarek Tsehayu, mrithi wa Kitabu cha Sauti," watu walinipongeza, nami niliinamisha kichwa kwa unyenyekevu nikicheka ndani kwa ndani. Miaka kumi na tisa nimekuwa nikimcheka mwanangu wa kumzaa. Hebu jiulizeni mtu wa namna hiyo ana nini kifuani.

Na wewe Enatnesh, ulijua. Siku kaseti ilipopigwa kwenye harusi ya jirani, ulikuwa ukimimina pombe ya shayiri, ukaimimina mpaka ikafurika mezani. Tuliporudi ukaniuliza, "Baba, huu si wimbo wa mama wa kusagia?" Nikakujibu kwa ukali, "Mwanamke anajua nini cha kitabu?" Ukaingia jikoni. Ulikwisha kuzoea. Ulipokuwa na miaka tisa ulisimama hapo hapo ukasema unataka kujifunza, na uliniimbia ukurasa wa kwanza wote, ulioudokoa ukikoka moto, bila kosa hata moja, nami nikakuambia mdomo wako ni wa kuonjea chumvi. Nimewafundisha wajinga thelathini, vichwa kama maboga, nikaacha sikio kama lile likanusie mchuzi. Wewe hukunijibu vibaya hata siku moja, na hilo ndilo lililonikera zaidi. Ningependa ungenitukana.

Nipe maji kidogo. Hapana, si hayo ya mtungini. Ya Admasu.

Ahsante.

Koo lilianza wakati wa Kwaresima ya mwaka juzi. Nilidhani ni mfungo tu, nikanywa asali na kitunguu saumu. Daktari wa mjini akanichungulia na taa yake akasema kuna uvimbe, "Mzee, ulikuwa wapi siku zote?" Enatnesh alinipigia magoti njiani, mbele za watu, "Baba, mwite mtu umfundishe, mwite yeyote, hata kama si mimi." Nikamwambia, baada ya mavuno. Mavuno yakapita, nikasema baada ya sikukuu ya Ubatizo, na sikukuu ikapita. Nilikuwa nangoja nini? Nimejiuliza hilo hapa kitandani mpaka nimechoka. Nadhani nilikuwa naogopa kwamba nikishautoa, hakuna atakayekuja tena kunisalimu. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na la kwangu liliumiza koo.

Asubuhi moja niliamka nikajaribu alama ya kwanza, peke yangu, kama nilivyofanya kila siku tangu ujana, ikatoka hewa tupu.

Hapo ndipo nikamwita Admasu. Miaka arobaini hatujasalimiana, tunapishana uani mwa kanisa kila mtu anatazama kona yake, na tangu macho yake yafe ilinirahisishia kazi, maana nilikuwa napita kimya. Alikuja wiki iliyopita, ameshikwa mkono na Enatnesh, na kibuyu kwapani. Akasema, "Maji nimeleta, Tsehayu. Safari hii sikutumwa." Nikamwambia kwa minong'ono hii, "Lete sikio, nikupe." Aliinama. Sikio lake, wanangu, sikio lililosikia kunishinda, liligusa midomo yangu. Nikasukuma kwa nguvu zote nilizobakiza duniani. Ilitoka hewa, kisha likatoka donge la damu likamwangukia shavuni. Akalifuta na ncha ya shuka yake, akasema, "Basi. Tumekosa wote."

Nilidhani ataondoka. Hajaondoka mpaka leo. Juzi nikamwuliza, "Unangoja nini, wewe? Cha kuchukua hakuna." Akanijibu, "Mara ile niliondoka mlangoni pa anayekufa. Sirudii." Hakusema kwa upole, msije mkadhani amenisamehe. Si hivyo, Admasu? Ona, anatikisa kichwa. Hajanisamehe. Afadhali mtu mmoja mkweli humu ndani.

Kwa hiyo yashikeni haya, kwa kuwa sitayarudia.

Kitabu ni cha Enatnesh. Nimesema Enatnesh, Yitbarek, na ukikipeleka kwa mgeni yeyote mwenye kioo cha kukifungia, baraka yangu usiihesabu. Admasu akae humu nyumbani, ale humu, na afundishe kurasa sabini na moja, kwanza kwako Enatnesh, kisha kwa yeyote ajaye, wa kiume na wa kike, mlango ukiwa wazi na pazia likiwa limefungwa juu. Asibakize kitu. Mtu akijifunza akaondoka siku hiyo hiyo bila kukata hata kijiti cha kuni, mwacheni aende. Na ukurasa wa mwisho msiuchane, msiuoshe, wala asitokee mjanja wa kubahatisha alama zake. Kila mwanafunzi akifika hapo aonyeshwe lile jicho, aambiwe: hapa palikuwa na sauti iliyopita vinywa ishirini na tatu, wa ishirini na nne akaikalia mpaka ikaoza, na jina lake ni Tsehayu. Mnitaje jina, msinifiche. Nimeficha vya kutosha kwa niaba yetu sote.

Na wewe mwanangu wa kwanza, rudi mjini, ila ukisimama mbele ya watu waambie ukweli. Waambie si wimbo wa kitabu, ni wimbo wa mama yangu alipokuwa akisaga. Wengine watakucheka, na kaseti hazitanunuliwa. Ni haki yako kunilaani kwa hilo, mchuma janga hula na wa kwao. Lakini umewaimbia wafu wangapi? Na wangapi walikunja uso? Uliniambia mwenyewe jana, wanatulia, wanashika mkono. Nimelala nikilifikiria neno hilo. Labda mama yenu alisaga na kitu tusichokijua. Labda si kitu. Mimi si mtu wa kulijua hilo.

Njooni niwawekee mkono. Mate ya baraka sina, kinywa kimekauka, pokeeni mkono mtupu. Mungu awape masikio kabla hajawapa midomo. Awape mikono isiyoshika vitu mpaka vikafa. Enatnesh, akupe... akupe vyote nilivyokunyima, maana mimi siwezi tena kuvihesabu. Yitbarek, asikufanye kama mimi.

Mkinizika, niwekeni mguuni pa mama yenu, si kando yake. Sistahili kando.

Bado moja. Nani atauimba ule wa mwisho sikioni mwangu? Hakuna. Yupo mmoja tu anayeujua chini ya mbingu hii, na hana koo. Nimelifikiria hilo nikacheka, nikatema damu. Basi niimbieni ule wa uongo. Ule ule. Alikwenda nao yeye, macho wazi, akijua ni wa uongo, na kama haukumfikisha mlangoni basi yupo njiani bado, nami nataka nipite njia hiyo hiyo nimkute. Enatnesh, anza wewe, maneno unayajua. *Jiwe la juu mume, jiwe la chini mke, punje iliyo kati, ndiyo siku zetu...* Wewe Yitbarek mfuate polepole, kama kwenye kaseti. Admasu naye... mvumo, chini. Sikio hili hapa. La kulia.

Akiniuliza tena "Hata leo?" nitamwambia... nitamwambia leo sina cha kuficha, Simegnish, mikono hii... tazama.

Imbeni basi. Mbona mmenyamaza? Nawaona midomo inacheza... Msibakize... msibakize ubeti. Imbeni tu. Imbeni, hata nisiposikia.